Kariakoo, mji wa wapagazi: Deni letu kwa ndugu wenye ulemavu

 

Ndugu msomaji, jina la Kariakoo hutamkwa kila siku na maelfu ya watu wanaoshuka kwenye mabasi ya Msimbazi na Gerezani wakielekea madukani, na wengi wao hudhani kuwa ni jina la soko tu. Ukweli ni kwamba jina hilo ni la vita. Waingereza walipouteka mji wa Dar es Salaam tarehe 4 Septemba 1916, eneo ambalo Wajerumani walikuwa wameliandaa kwa ajili ya soko lilifanywa kambi ya wapagazi wa jeshi, kile kikosi kilichoitwa kwa lugha ya wakubwa wake Carrier Corps. Ulimi wa wenyeji ukayachukua maneno hayo mawili, ukayalainisha, ukatupatia Kariakoo. Kwa hiyo kila tunapouliza bei ya kitenge au ya kilo ya mchele pale, tunasimama juu ya uwanja walipolala watu waliokuwa wakibebeshwa mizigo ya vita isiyokuwa yao.

Vita ile ilipiganwa kwa vichwa na mabega ya watu. Barabara zilikuwa chache, mbung'o waliwaua farasi, nyumbu na punda, na hivyo chakula, risasi na hata vipande vya mizinga vilibebwa na binadamu kutoka pwani hadi bara na kurudi. Makumi ya maelfu ya wapagazi walikufa katika Afrika Mashariki, wengi si kwa risasi bali kwa kuhara damu, malaria, homa ya mapafu na njaa. Hao ndio ambao vitabu vya historia huwahesabu. Wasiohesabiwa ni wale waliorudi hai na miili pungufu: aliyepoteza vidole vya miguu kwa funza, aliyeoza mguu kwa donda lisilotibiwa, aliyepofuka, aliyevunjika mgongo. Jenerali wa Kijerumani, von Lettow-Vorbeck, alisalimisha jeshi lake Abercorn, ambayo leo ni Mbala nchini Zambia, tarehe 25 Novemba 1918. Kwa watu hao vita haikwisha siku ile.

Serikali ya Kiingereza iliwajengea kumbukumbu. Mwaka 1927 ilisimamishwa ile Sanamu ya Askari ambayo sote tunaijua, mahali palipokuwa na sanamu ya Mjerumani Wissmann, na chini yake yakaandikwa maneno kwa Kiingereza, kwa Kiswahili na kwa hati ya Kiarabu, yanayowataja askari na wapagazi pia kwa heshima. Ni sanamu nzuri. Lakini sanamu haimshiki mtu mkono kumpeleka chooni, wala haimpikii uji. Na tukitazama upande wa Wajerumani nao, ilikuwa hadi mwaka 1964 ndipo Bunge la Ujerumani Magharibi lilipoidhinisha malipo kwa askari wao wa zamani waliokuwa bado hai. Husimuliwa kwamba wazee waliofika Mwanza bila vyeti walipewa fagio mkononi na kuamrishwa gwaride kwa Kijerumani, na aliyelikumbuka alilipwa. Mpagazi hakufundishwa gwaride, na fedha zile zilikuwa za askari.

Je, ni nani basi aliyewabeba waliokuwa wakibeba? Jibu ni kwamba walibebwa na nyumba zetu. Nyumba ya Kiswahili ya Kariakoo, yenye ukumbi katikati, vyumba huku na huku na uwani nyuma, ilikuwa ndiyo hospitali ya marekebisho ya viungo kabla neno hilo halijafika kwetu. Mzee asiyeona aliketi barazani, mtoto wa mpangaji akamletea maji, mke wa jirani akamtengea sahani, na saa ya Adhuhuri kijana yeyote aliyepita alimshika mkono hadi msikitini. Mji ulijaa watu wa kuja: Wamanyema, Wazaramo, Wanyamwezi, Wanubi, Wazulu waliokuja na jeshi la Wajerumani. Kila kundi liliunda chama chake, cha ngoma au cha kufa na kuzikana, na michango midogo ya vyama hivyo ndiyo iliyonunua sanda na kulipa kodi ya chumba cha mwenzao aliyeshindwa kufanya kazi. Al-Jamiatul Islamiyya fi Tanganyika, iliyoanzishwa hapa mjini mwaka 1933 na kujenga shule pale New Street, ambayo leo ni Mtaa wa Lumumba, ilizaliwa katika hewa hiyo hiyo. Miongoni mwa waasisi wake alikuwa Kleist Sykes, mtu aliyekuwa askari wa Wajerumani katika vita ile. Alijua vita ni nini.

Kisha ikaja Vita ya Pili. Watanganyika takriban 87,000 waliingia jeshini, wakapelekwa Uhabeshi, Bukini na hatimaye Burma, na wana wa Kleist, Abdulwahid na Ally, walikuwa miongoni mwa waliokwenda Burma. Waliporejea, historia yetu inapenda kueleza namna askari hao walivyochochea siasa na vyama vya wafanyakazi, na ni haki. Haielezi sana habari za yule aliyeshuka melini kwa gongo. Huyo alirudi barazani palepale alipokuwa ameketi baba yake.

Hapa inatupasa tuseme neno gumu. Mwaka 1945, mwaka ule ule vita ilipokwisha, Aga Khan aliasisi jumuiya ya ustawi wa Waislamu wa Afrika Mashariki, ile iliyojulikana kwa herufi EAMWS, nayo ikasaidia ujenzi wa misikiti na shule nyingi hadi ilipopigwa marufuku mwaka 1968. Ilikuwa kazi kubwa na Allah atailipa. Lakini shule ya kwanza ya wasioona katika nchi hii ilifunguliwa Buigiri, Dodoma, mwaka 1950, na walioifungua ni Waanglikana. Shule ya kwanza ya viziwi ikafunguliwa Tabora mwaka 1963, na walioifungua ni Wakatoliki. Hapa Dar es Salaam, Jeshi la Wokovu ndilo lililoweka kituo na shule ya Matumaini kwa watoto wenye ulemavu wa viungo pale Mgulani. Hatusemi haya kwa husuda, kwa kuwa mwenye kutenda wema anastahiki kushukuriwa, awe nani. Tunasema kwa sababu sisi, ambao dini yetu ina sura nzima inayoanza kwa kisa cha mtu asiyeona, tulibaki na baraza tu, nalo baraza limebomolewa.

Tunaposema limebomolewa tuna maana ya matofali na saruji. Nyumba za Kiswahili za Kariakoo zimevunjwa moja baada ya nyingine, na mahali pake yakasimama maghorofa ya maduka na maghala. Familia zimehamia Mbagala, Gongo la Mboto, Chanika na Bunju. Ukumbi haupo, uwani haupo, jirani hajulikani jina. Msaada wa kijamii wa aina ile ulitegemea jengo, na jengo limeondoka. Anayesema kwamba vijana wa leo hawana huruma kama wazee wao anaonea vijana. Huruma inahitaji mahali pa kukaa.

Waliojeruhiwa Uhud

Kuna kosa moja la kifikra ambalo linafaa lisahihishwe kabla hatujakwenda mbali, nalo ni kuona kwamba mwenye ulemavu katika Uislamu ni mtu wa kupewa tu. Tuitazame Madina baada ya vita vya Uhud, mwaka wa 3 Hijria. Mji ule mdogo uliwapoteza watu sabini kwa siku moja, na waliosalia wengi walikuwa majeruhi. Talha bin Ubaydullah (R.A) aliutanguliza mkono wake kumkinga Mtume (S.A.W), ukapooza, na watu waliuona umepooza miaka mingi baadaye. Je, Talha alikaa pembeni akahesabiwa miongoni mwa maskini wa kulishwa? Alibaki mfanyabiashara mkubwa, mtoaji aliyesifika kwa ukarimu, na mmoja wa watu sita ambao Umar (R.A) aliwaachia shauri la kumchagua Khalifa. Mkono wake ulikuwa ni cheo kwake.

Abdullah bin Ummi Maktum (R.A) hakuwa ameona tangu kabla ya Hijra. Kisa chake ndicho kilicholeta aya za mwanzo za Suratul Abasa, na mufasirina wanaeleza kwamba ni kwa ajili yake pia ile aya ya 95 ya Suratun Nisaa ikawatoa wenye udhuru miongoni mwa wanaolaumiwa kwa kubaki nyuma. Lakini angalia alivyofanywa: alitumwa Madina pamoja na Mus'ab bin Umayr kufundisha Qur'ani kabla Mtume hajahama, akawa muadhini pamoja na Bilal, na zaidi ya mara moja Mtume (S.A.W) alipotoka kwenda vitani alimwacha yeye kuwa mkuu wa mji na imamu wa watu. Kipofu alikuwa mkuu wa mji wakati wa vita! Sisi leo ni halmashauri ngapi za misikiti zina mjumbe mmoja asiyeona?

Dola nayo haikuliacha jambo hili kwa wapita njia. Qadhi Abu Yusuf ameeleza katika kitabu chake cha kodi jinsi Umar (R.A) alivyomkuta mzee kipofu akiomba mlangoni, akamuuliza habari zake, akabainikiwa kuwa ni Myahudi. Umar hakumtupia sarafu akapita. Alimchukua hadi nyumbani kwake akampa alichokuwa nacho, kisha akampeleka kwa mtunza hazina na kuagiza kwamba yeye na walio mfano wake waangaliwe. Na Khalifa Al-Walid bin Abdulmalik, aliyetawala kati ya mwaka 705 na 715, ingawa wanahistoria wanayo ya kumlaumu, anasifiwa kwa jambo moja: aliwapangia wenye ukoma posho na kuwakataza kuombaomba, akampa kila kiwete mtumishi wa kumhudumia na kila kipofu mtu wa kumwongoza. Hiyo ndiyo huduma ya jamii yenye daftari, bajeti na mtu wa kuulizwa, na ilikuwako zaidi ya karne 12 zilizopita.

Magongo ya Kagera na sheria ya 1982

Tukirudi kwetu, vita ya tatu iliyoleta wenye ulemavu mitaani mwetu ni ile ya Kagera. Iddi Amin aliivamia ardhi yetu mwishoni mwa mwaka 1978, na Kampala ikaanguka tarehe 11 Aprili 1979. Wengi waliokwenda walikuwa mgambo, watu wa kawaida waliotoka mashambani, viwandani na sokoni. Mashujaa waliokufa wanakumbukwa kila tarehe 25 Julai, na sisi wa Dar es Salaam tunao mnara wao pale Mnazi Mmoja, hatua chache kutoka Kariakoo. Waliorudi bila mguu walirudi katika nchi iliyokuwa imekaukiwa. Sukari kwa foleni, sabuni kwa kibali, hazina tupu.

Ni katika hali hiyo ya ufukara, mwaka mmoja baada ya mwaka 1981, ambao Umoja wa Mataifa ulikuwa umeutangaza kuwa mwaka wa kimataifa wa wenye ulemavu, ndipo Bunge letu lilipopitisha sheria mbili za mwaka 1982. Namba 2 ilihusu ajira: mwajiri mwenye wafanyakazi 50 au zaidi alitakiwa asilimia 2 yao wawe wenye ulemavu. Namba 3 ilihusu matunzo, nayo iliweka wajibu kwa familia, jamaa, serikali za mitaa na mashirika. Ukiisoma ile ya pili utaona kwamba iliandikwa na watu waliodhani baraza la Kariakoo lingali pale. Iliwakabidhi jamaa mzigo, lakini haikuwakabidhi senti. Na ile ya kwanza ilitegemea viwanda na mashirika ya umma, ambayo miaka kumi tu baadaye yalianza kuuzwa na kufungwa, na asilimia 2 ya kiwanda kilichofungwa ni sifuri.

Hatukusudii kubeza. Wenye ulemavu wenyewe hawakukaa kungoja: chama cha wasioona kilikuwako tangu mwaka 1964, wakafuata viziwi, albino na wenye ulemavu wa viungo, na mwaka 1992 vyama hivyo vikaungana katika shirikisho la SHIVYAWATA. Mwaka 1994 ikaanzishwa CCBRT, ambayo leo watu huijua kwa hospitali yake ya Msasani lakini ambayo tangu mwanzo ilikuwa na kazi ya kuwafuata watoto majumbani na kuwafundisha wazazi namna ya kuwanyoosha viungo, kuwakalisha na kuwalisha. Sera ya Taifa ikatoka mwaka 2004, Mkataba wa Umoja wa Mataifa ukaridhiwa mwaka 2009, na Sheria Namba 9 ya mwaka 2010 ikazifuta zile za zamani, ikapandisha kiwango cha ajira kuwa asilimia 3 kwa kila mwajiri mwenye watu 20 au zaidi. Halmashauri nazo zinatakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa mikopo isiyo na riba, na asilimia 2 katika hizo ni ya wenye ulemavu. Mkopo usio na riba! Mwislamu anayeuza Kariakoo anayekataa benki kwa kuogopa riba, na ana ndugu yake mwenye ulemavu nyumbani, amewahi kwenda kuuliza habari za fungu hili?

Lugha nayo ina la kusema. Wazee wetu walimwita mtu kipofu, kiziwi, kiwete, kilema, kibyongo, na yote hayo yamewekwa katika ngeli ya vitu, pamoja na kiti na kikombe. Wapo wanaokasirika ukiwaambia waseme mtu asiyeona, wakadai ni maneno ya kizungu. Hatuoni ugumu wa kumrudisha binadamu katika ngeli ya binadamu. Wazee hao hao ndio waliotuachia msemo wa hujafa hujaumbika, na mpagazi wa mwaka 1917 na mgambo wa mwaka 1979 ndio ufafanuzi wake, kwa sababu wote wawili waliondoka nyumbani wakiwa wazima.

Ghorofa la msikiti

Sasa tuje kwenye Ijumaa yenyewe, na hapa ndipo tunapotaka msomaji atulie. Asubuhi ya Ijumaa katika mitaa ya katikati ya jiji letu, kuanzia Kisutu na Jamhuri hadi Kariakoo, utaona safu za wazee, akina mama wenye watoto, wasioona na wenye magongo wakipita mlango hadi mlango wa maduka. Wenye maduka, Wahindi na Waafrika, huweka sarafu tayari katika kopo. Baada ya swala, safu hiyo hiyo huketi nje ya msikiti. Anayetoa hupata thawabu kwa nia yake, hatuna shaka. Lakini hebu tumtazame yule mtoto wa miaka minane anayeshika ncha ya fimbo ya babu yake. Leo ni Ijumaa, shule zimefunguliwa, na yeye yuko hapa. Sarafu zetu mia moja mia moja ndizo zinazomlipa asiende shule. Serikali nayo kila baada ya muda huwasaka ombaomba na kuwarudisha mikoani, kama mkuu wa mkoa alivyoagiza mwaka 2016, na baada ya miezi michache safu hurudi, kwa kuwa kilichowaleta hakikuguswa.

Jambo la pili ni zito zaidi, kwa kuwa hili tumelifanya wenyewe. Misikiti mingi ya Kariakoo iliyokuwa ya chini, yenye mlango ulio sawa na barabara, imejengwa upya kwa ghorofa. Sababu inaeleweka: waumini ni wengi, kiwanja ni kidogo, na fremu za maduka zikiwekwa chini, kodi yake hulipa umeme, maji na posho ya imamu. Ni wakfu unaozaa, na fiqhi haiukatazi. Lakini matokeo yake ni kwamba bidhaa zimekaa chini na swala imepanda juu. Anayetambaa kwa mikono, anayetumia baiskeli ya magurudumu matatu, mzee wa Kagera mwenye mguu wa bandia, wote hubaki kwenye ngazi, na kwa kuwa wamebaki kwenye ngazi, sisi tunaoshuka tunawadhania kuwa ombaomba na kuwatupia sarafu. Mtu amekuja kuswali tukampa shilingi mia.

Tujiulize na mwendokasi. Mabasi yale yalipoanza mwaka 2016, vituo vyake, pamoja na kile cha Gerezani, vilijengwa na njia ya mteremko ili mwenye kiti cha magurudumu apande hadi usawa wa mlango wa basi. Waliochora vituo hivyo hawakuwa masheikh. Walifuata masharti ya ujenzi tu.

Wapo watakaosema kwamba kiti cha magurudumu hupita barabarani, barabara ya Kariakoo ina kila uchafu, na kukiingiza msikitini ni kuunajisi msikiti. Hoja hii tumeisikia kwa masikio yetu kutoka kwa watu wanaoheshimika, kwa hiyo tuijibu kielimu. Mtume (S.A.W) katika Hija ya kuaga alitufu Al-Kaaba akiwa juu ya ngamia, ndani ya Msikiti Mtukufu, na Ummu Salama (R.A) alipolalamika kuwa mgonjwa aliruhusiwa kutufu akiwa amepanda mnyama nyuma ya watu. Ngamia ana miguu iliyotembea jangwani na ana mambo mengine ambayo gurudumu halina. Ni kweli kwamba wanazuoni wa madhehebu yetu ya Shafi wameyajadili mambo ya mkojo na kinyesi cha ngamia kwa kirefu, na hapa si mahali pa kuyarudia, lakini hakuna aliyesema kwamba mwenye udhuru azuiwe mlangoni. Zaidi ya hayo, kanuni ya fiqhi ni kuwa kikavu kikigusa kikavu najisi haihami, na mashaka hayaondoi yakini: zulia ni tohara kwa yakini, na uchafu wa gurudumu ni dhana. Anayetaka ihtiyati zaidi aweke kitambaa chenye maji mlangoni, au kiti kimoja cha msikiti kisichotoka nje, mtu akahamishiwa. Ndivyo mambo yalivyo Makka na Madina ambako viti hivyo vimejaa.

Hoja nyingine husema kwamba mwenye ulemavu ameruhusiwa kuswali nyumbani, sasa ngazi zina dhambi gani? Ruhusa ipo. Itban bin Malik (R.A), ambaye macho yake yalikuwa yamedhoofu na mafuriko yakimzuia kufika msikitini, alimwomba Mtume (S.A.W) aje aswali nyumbani kwake ili apafanye mahali pa swala, naye Mtume akaenda na Abubakar. Lakini mtu mwingine asiyeona, alipoomba ruhusa kama hiyo, aliulizwa kama anaisikia adhana, akasema ndiyo, akaambiwa aitikie. Wanazuoni wamezisoma hadithi hizi mbili kwa namna mbalimbali. Sisi tunachokiona ni kwamba katika zote mbili ruhusa iliombwa na mwenye udhuru mwenyewe. Msikiti hauna haki ya kumpa mtu ruhusa ambayo hakuiomba kwa kumjengea ngazi thelathini.

Na viziwi je? Pale Buguruni kuna shule ya viziwi ya miaka mingi, na Ilala kuna Uhuru Mchanganyiko ambayo husomesha wasioona na wenye ulemavu wa akili pamoja na watoto wengine. Watoto wa Kiislamu wamo humo. Kijana kiziwi akija Ijumaa anakaa mbele ya mimbari akitazama midomo ya khatibu kwa nusu saa. Runinga zetu zinaweka mkalimani wa lugha ya alama kwenye taarifa ya habari, kwa hiyo wakalimani wapo na kazi yao inajulikana bei yake. Fremu moja ya duka chini ya msikiti wa Kariakoo, kwa kodi inayotozwa mitaa ile, ingemlipa mkalimani mwaka mzima wa Ijumaa na ikabaki.

Hapa watu hukimbilia zaka, nasi tungependa tahadhari. Mafungu manane yametajwa katika aya ya 60 ya Suratut Tawba, na ulemavu haumo. Fukara mwenye ulemavu hupewa kwa ufukara wake. Tajiri mwenye ulemavu hutoa, naye yupo: tunawajua wenye magongo wanaomiliki maduka ya vipuri na vitambaa hapa hapa, na wangeudhika kwa haki kama wangeingizwa katika orodha ya kupewa. Njia ya mteremko, mkalimani, bomba la kutawadhia lililo chini, hivyo ni vya wakfu na sadaka, na ni haki ya tajiri na fukara sawasawa.

Yapo pia ya riziki, ambayo msikiti peke yake hauyawezi. Mwezi Juni 2017 madereva wa bajaji wenye ulemavu walifunga barabara katikati ya jiji wakidai waruhusiwe kufanya kazi humo, na polisi wakawatawanya kwa mabomu ya machozi. Walikuwa wakiomba ruhusa ya kutoomba. Tarehe 10 Julai 2021 Soko Kuu la Kariakoo, lile lililofunguliwa mwaka 1975 kwa mchoro wa Beda Amuli, liliungua, na Oktoba ya mwaka ule machinga wakaondolewa kandokando ya barabara. Mwenye miguu miwili aliyehamishwa alibeba meza yake akaenda kutafuta pengine. Mwenye gongo aliyekuwa na meza mlangoni pa jamaa aliyemzoea, na choo anachokifikia, na kijana wa kumletea maji, alipoteza vyote hivyo pamoja na meza. Soko limejengwa upya, na hesabu ya taifa katika sensa ya mwaka 2022 inasema watu 11 katika kila 100 wenye umri wa kuanzia miaka 7 wana ulemavu wa namna fulani. Vizimba vya chini, vilivyo karibu na mlango na choo, vihesabiwe kwa kiwango hicho.

Kwa halmashauri za misikiti tunalo pendekezo dogo, na tumekwisha kulipeleka kwa baadhi yao. Mkataba wa fremu moja ya chini, ile iliyo upande wa kibla na isiyo na kizingiti, ukiisha usifanywe upya. Ukuta wa nyuma utobolewe, vipaza sauti viwekwe, bomba moja lishushwe hadi kimo cha mtu aliyeketi, na safu iungane na ile ya juu kwa sauti na kwa ngazi inayoonekana, kama masharti ya kumfuata imamu yanavyotaka. Halmashauri moja imetujibu kwamba mpangaji wa fremu hiyo ana mkataba hadi mwakani. Nyingine imeuliza kama bomba linaweza kuwekwa kabla ya Ramadhani.